Gharama ya Mapatano Katika Siasa za Uingereza

Historia ya Bunge la Uingereza yaonyesha kwamba chama kikimwegemeza mpinzani, mara nyingi huumia chenyewe.

Mwaka 1903 chama cha Liberal kilikubali kwa siri kuwaachia wagombea wa Labour baadhi ya majimbo, ili wasigawanye kura za wapinzani wa Conservative. Labour ikapata viti 29 katika uchaguzi wa 1906. Ilipofika 1922 ilikwisha wapita wafadhili wake.

Mwezi Machi, 1977, Waziri Mkuu James Callaghan wa Labour, aliyekwisha poteza wingi wa wabunge, aliokolewa na Liberal ya David Steel, yenye wabunge 13 tu. Waliberali hawakupewa uwaziri, ila haki ya kushauriwa. Mapatano yalikwisha 1978. Mwezi Machi, 1979, serikali iliangushwa kwa kura moja, 311 dhidi ya 310.

Mwaka 2010 warithi wao, Liberal Democrats, waliingia serikalini pamoja na Conservative wakiwa na wabunge 57. Mwaka 2015 walirudi 8.

Wahenga walinena: tenda wema nenda zako. Lakini chama cha siasa hakina pa kwenda. Sharti kirudi kwa wapiga kura.