Kinanda cha Mtengeneza Saa



Wapendwa waamini, mchango wa kununua kinanda cha kwaya umezua swali ambalo mzee mmoja aliniuliza baada ya Misa: je, sauti itokayo katika umeme yastahili kusindikiza sala? Swali hilo si dogo, wala si jipya. Roma yenyewe ilipolijibu, tarehe 3 Septemba 1958, katika Maagizo juu ya Muziki Mtakatifu, ilijibu kwa tahadhari kubwa: kinanda cha umeme kivumiliwe kwa muda tu, pale ambapo hakuna uwezo wa kupata hata kinanda kidogo cha mabomba, tena kwa ruhusa ya wazi ya askofu wa mahali.

Kinanda cha umeme kilichosifika kuliko vyote wakati huo kilikuwa Hammond. Aliyekibuni, Laurens Hammond wa Marekani (1895–1973), hakujua kupiga kinanda. Alikuwa mhandisi, na biashara yake ilikuwa saa za ukutani. Alikuwa ametengeneza mota inayofuata mapigo ya umeme wa gridi, ambayo kwa hiyo huzunguka kwa mwendo usiobadilika. Biashara ya saa ilipodorora, aliitafutia mota hiyo kazi nyingine, akapewa hataza ya kinanda chake mwaka 1934.

Ndani ya sanduku lile la mbao mna magurudumu 91 ya chuma, kila moja dogo kuliko kiganja cha mkono, yenye meno ukingoni. Mota huyazungusha yote kwa pamoja. Kila jino lipitapo mbele ya sumaku iliyozungushiwa waya, huamsha mkondo mdogo wa umeme. Meno yakipita mengi kwa sekunde, sauti huwa nyembamba, yakipita machache huwa nene. Mpigaji huvuta vijiti tisa kuchanganya sauti hizo, mfano wa mpishi anayepima viungo kwa mkono wake. Kwa kuwa magurudumu hayachakai kwa urahisi, na mwendo wake hushikwa na gridi, kinanda hicho hakihitaji kurekebishwa sauti.

Hapa niwaonye wale wanaoota kuagiza kinanda kikuukuu kutoka Marekani. Umeme wao hupiga mara 60 kwa sekunde, wetu mara 50. Transfoma hupunguza nguvu ya umeme, haigusi mapigo. Magurudumu yatazunguka polepole, na mpigaji akigusa do, wanakwaya watasikia la ya chini yake! Jenereta likichoka katikati ya Utukufu, kwaya nzima itateremka nalo.

Kinanda cha Hammond kilianza kuuzwa mwaka 1935, na katika miaka mitatu makanisa yapatayo 1,750 yalikuwa yamekinunua. Watengenezaji wa vinanda vya mabomba walikasirika, wakaishitaki kampuni mbele ya Tume ya Biashara ya Marekani. Likafanyika jaribio katika kanisa la Chuo Kikuu cha Chicago: wasikilizaji watambue ni kinanda kipi kinachopigwa. Karibu theluthi moja ya majibu yao ilikuwa si sahihi. Mwaka 1938 Tume iliikataza kampuni kudai kwamba chombo chake kinatoa sauti zote za kinanda cha mabomba, lakini haikukinyang'anya jina.

Mvuto wake, hata hivyo, haukutoka katika kufanana huko. Mwaka 1939 kanisa la Waamerika Weusi mjini Chicago, First Church of Deliverance, lilikipata, na mpigaji wake Kenneth Morris akakifanya kilie, kiitike na kunong'ona pamoja na mhubiri. Kuanzia hapo hakikuwa tena kivuli cha kinanda kingine. Watu wasio na fedha za mabomba walikipa sauti yao.

Nasi Mara tulikuwa na sauti yetu kabla ya vinanda: Wakurya wana litungu la nyuzi nane, na ngoma hazijawahi kutupungukia. Mtaguso wa Pili wa Vatikano, mwaka 1963, uliendelea kukiheshimu kinanda cha mabomba, ila ulifungua mlango kwa vyombo vingine vinavyofaa ibada, kwa idhini ya wenye mamlaka. Kwa hiyo namjibu mzee wangu: kinunuliwe. Sharti langu ni moja, nalo najua vijana hawatalipenda: ile midundo inayojipiga yenyewe izimwe. Kuanzia Bunda hadi Butiama tuna wapiga ngoma wenye mikono, na haifai wakae benchi huku mashine ikiwaigiza.

Wapenda udadisi, kinanda kikifika tafuteni sauti iitwayo ogani ya umeme. Vinanda vingi vya leo vinayo, nayo huiga Hammond. Sikilizeni mwanzo wa kila noti, kuna mlio mdogo wa “tk”. Wahandisi wa Hammond waliuona kuwa kasoro, wakajitahidi kuupunguza. Wapigaji waliupenda, na leo viwanda huuweka kwa makusudi.