Bibi Harusi Huulizwa, na Wenye Ardhi Je?



Kabla ya nikaha, bibi harusi huulizwa kama ameridhia. Akinyamaza kwa haya, kimya chake huchukuliwa kuwa ndiyo. Leo tunataka kukumbushana kisa cha Lamu, ambako watu walikataa kimya chao kuhesabiwa ndiyo.

Wenyeji wa Lamu wanajua thamani ya maji matamu. Maji ya mji hutoka visima vya Shela. Mvua inaponyesha kwenye vilima vya mchanga, maji huzama polepole na kukaa juu ya maji ya chumvi, maana maji matamu ni mepesi. Mchanga ukizolewa ovyo, au vilima vikijengwa majumba, chumvi huingia visimani. Hata maji ya kumwogesha bibi harusi baada ya singo yanategemea mchanga huo. Kwa hiyo wazee wamevipigania vilima vile miaka mingi.

Kisha ukaja mpango wa kujenga mtambo wa umeme wa makaa ya mawe huko Kwasasi, upande wa bara, wa megawati 1,050. Mwaka 2016 leseni ya mazingira ikatolewa. Wavuvi, wakulima, akina mama na vijana, pamoja na muungano wa Save Lamu, wakauliza: Majivu yatawekwa wapi? Maji ya moto yakirudishwa baharini, samaki na mikoko itakuwaje? Na mashamba waliyolima babu zetu?

Walipeleka kesi. Tarehe 26 Juni 2019, mahakama ya mazingira jijini Nairobi ilifuta leseni hiyo. Sababu kubwa ilikuwa kwamba wananchi hawakushirikishwa ipasavyo. Mwaka uliofuata, benki ya China iliyotarajiwa kutoa mkopo ikajitoa.

Tuzingatie hapa, dada zetu. Mahakama haikusema makaa ya mawe yamepigwa marufuku. Ilisema wenyeji waelezwe kwanza, wasikilizwe, ndipo uamuzi ufanywe.

Basi ukiitwa kwenye baraza la kijiji kuhusu kisima, ufuo au shamba, usiseme hayo ni mambo ya wanaume. Nenda, uliza, na jina lako liandikwe. Watoto tunaowaombea kwa Mola watakunywa maji hayo hayo.