Sauti Iliyofungwa Koponi
Sehemu ya Tatu

ILIPOISHIA: Ndani ya sanduku la marehemu baba yake Bibi, aliyekuwa akiendesha mashine ya sinema, nilikuta kopo la bati limeandikwa "Carmen, 1915". Ghafla umeme ukakatika Rasbura nzima. Bibi akaja na koroboi. SASA ENDELEA...

"Bibi, rudi nyuma!"

Akaganda mlangoni, mwali ukimcheza usoni.

"Kuna nyoka?"

"Kuna moto. Mikanda ya zamani hizo ilikuwa ya nitrati. Ikiwaka, hata maji hayaizimi."

Akaitoa koroboi uani bila neno. Nikawasha tochi ya simu, nikafungua kopo. Harufu kali ikanipanda puani. Mkanda ulikuwa umegandamana, kingo zimekuwa unga wa kahawia. Mizunguko ya ndani tu ndiyo iliyosalimika. Nikauinua taratibu kwenye mwanga.

Mwanamke. Kinywa wazi.

"Anaimba huyo?" Bibi aliuliza, amesimama begani kwangu.

"Ni Geraldine Farrar, mwimbaji wa opera wa New York. Carmen ilikuwa opera kwanza, Paris, 1875. Miaka 40 baadaye wakampiga filamu, lakini filamu zilikuwa bubu. Wapiga muziki walikaa ukumbini, wakipiga huku picha ikienda."

"Mwimbaji mzima! Wakachukua kinywa, sauti wakaiacha."

"Na mwishoni Carmen anachomwa kisu na mpenzi wake, Bibi."

Bibi akanyamaza. Nikaendelea kusogeza mkanda, kipicha baada ya kipicha, mpaka kidole kikagota kwenye kiungo. Mkanda mwingine ulikuwa umegundishwa hapo.

Hispania ya Carmen ikatoweka. Minazi. Jahazi. Ng'ambo ya maji, vilima vya Kitunda. Mwanamke wa kanga kasimama ufukweni, kinywa wazi vilevile kama cha Farrar. Nyuma yake mwanamume, mkono kauficha mgongoni.

"Mama," Bibi alisema, sauti imemkauka. "Tuliambiwa alikufa kwa homa."

Nikavuta kipicha kinachofuata. Hakipo. Mkanda ulikuwa umekatwa kwa mkasi, sawasawa kabisa.

"Nani kakata?"

Bibi hakunijibu. Alifungua fundo la pindo la kanga yake, lile ambalo tangu utotoni nilidhani anafungia hela, akatoa kipande cheusi kisichozidi kidole.

"Baba alinipa siku ya kufa kwake," alisema. "Mpaka leo sijathubutu kukitazama. Lete tochi."

ITAENDELEA JUMAMOSI IJAYO