Koomenjoe na Masimulizi ya Mbwaa: Makuzi ya Shujaa katika Fasihi Simulizi ya Wameru

Masimulizi ya Wameru kuhusu kutoka Mbwaa yamezoeleka kusomwa kwa tukio moja tu: maji yaligawanyika, watu wakavuka. Usomaji huo umewafanya baadhi ya wasomaji kuyaona kuwa mwangwi wa Kitabu cha Kutoka. Makala haya yanadai kwamba masimulizi hayo yana hatua tatu, na kwamba shujaa wake, Koomenjoe, haeleweki iwapo hatua ya kati itatengwa na nyingine.

Hatua ya kwanza ni ya utumwa. Mbwaa, ambayo Jeffrey Fadiman aliihusisha na kisiwa cha Manda karibu na Lamu, ilitawaliwa na Nguo Ntune, yaani watu wa nguo nyekundu. Matoleo hutofautiana, lakini watawala hao hudai yasiyowezekana: ndama anayekunya mavi meupe, kiatu cha ngozi chenye manyoya pande zote mbili, mbwa mwenye pembe. Watumwa hujibu kwa hila. Mbwa hufungwa pembe za paa mdogo. Toni ni ya kicheko, na shujaa ni ndugu wa Sungura wa ngano: silaha yake ni akili.

Kivukoni toni hugeuka. Maji hayahadaiki, yanadai kafara. Gaita hujitolea kupasuliwa tumbo, na Muthetu na Kiuna husimama naye. Koomenjoe anaongoza, lakini uhai unaotolewa si wake. Majina ya watatu hao yamehifadhiwa katika koo, kama vile majina Njiru, Ntune na Njeru yanavyowakumbuka waliovuka usiku, alfajiri na mchana.

Katika hatua ya tatu shujaa hufifia. Bernardo Bernardi, katika kitabu chake cha 1959, alirekodi mapokeo yanayomhusisha kiongozi wa safari na Mugwe wa kwanza. Mugwe hakuwa mpiganaji; alibariki, na miongoni mwa Waimenti mkono wake wa kushoto ulifichwa machoni pa watu. Kicheko na hofu vimeupisha utulivu wa ibada.

Fumo Liyongo wa pwani hutukuzwa kwa nguvu zake hadi anapouawa na mwanawe. Koomenjoe, kinyume chake, hupungua kadiri jamii inavyokua: mtu anageuka cheo. Ulinganisho na majirani unatia nguvu dai hili. Waembu nao walihubiriwa Biblia, lakini hadithi yao ya Mwenendega na Nthara, wazazi wa kwanza, haina bahari ya kuvuka wala bwana wa kuhadaiwa.

Kwa hiyo, kufanana na Musa hakutoshi kuieleza hadithi ya Mbwaa. Mhakiki anayeanza na kuishia majini humnyima Mmeru kicheko cha mtumwa na ukimya wa Mugwe, yaani mwanzo na mwisho wa ushujaa wenyewe.