Mkasi wa Bi. Delany

Shangazi yangu alitengeneza maua ya karatasi kwa miaka mingi, na sikuwahi kusikia mtu akiiita kazi ile sanaa. "Anajitafutia pesa ya sabuni," ndivyo walivyosema nyumbani. Alinunua karatasi za krepu, zile zenye mikunjo-mikunjo, akakata petali, akavuta kingo zake kwa kidole gumba mpaka zikajikunja kama za waridi lenyewe, kisha akafunga kwa waya na uzi. Wenye harusi walimjia. Wenye matanga pia.

Nilimkumbuka niliposoma habari za mwanamke mmoja wa Uingereza, Mary Delany, aliyezaliwa mwaka 1700. Alipokuwa na miaka 17 jamaa zake walimwoza kwa mbunge mmoja aliyekuwa akikaribia miaka 60. Hakumpenda hata kidogo. Mzee akafa baada ya miaka michache, na safari ya pili Mary akajichagulia mume mwenyewe, kasisi wa Ireland, Patrick Delany. Huyu naye akafariki mwaka 1768. Basi mjane mara mbili, hana mtoto, umri umeenda: wengi wetu tungefunga kitabu hapo.

Lakini mwaka 1772, akiwa na miaka 72, alikuwa mgeni kwa rafiki yake, mjane wa Duke wa Portland. Husimuliwa kwamba aliona kipande cha karatasi nyekundu kikifanana sawasawa na rangi ya ua la jeraniamu lililokuwa karibu. Akachukua mkasi, akakata petali moja moja. Mwenyeji wake alipoingia akadhani ua halisi limechanwachanwa mezani.

Kuanzia siku hiyo hakuacha. Hebu fikiria kazi yenyewe: anaweka ua hai mbele yake, anahesabu petali na stameni, anakata kila kipande kwa jicho tu, bila kuchora kwanza. Kisha anabandika kipande juu ya kipande, chepesi juu ya kizito, kwenye karatasi aliyoipaka rangi nyeusi tititi ili ua lijitokeze. Ua moja tu la mpasheni lilimla vipande zaidi ya 200. Kwa miaka kumi alitengeneza mimea 985, akilenga 1,000. Macho ndiyo yaliyomwangusha; mwaka 1782 akaweka mkasi chini. Leo kazi zake ziko British Museum, na Joseph Banks, mwanabotania mkubwa wa zama zake, alizisifu kwamba mtu angeweza kuueleza mmea kisayansi kwa kuzitazama tu. Wanaume waliokuwa wakicheka kazi za mkono za akina mama sijui walisemaje.

Hapo sasa ndipo hadithi inapogeukia kwetu Afrika. Jeraniamu nyekundu za bustani za Ulaya asili yake ni kusini mwa Afrika, Rasi ya Tumaini Jema. Tena mwaka uleule wa 1772, bustani ya kifalme ya Kew ilimtuma Rasi mtunza bustani wake, Francis Masson, akusanye mimea. Akapeleka Uingereza mamia ya aina. Na Kew ilikuwa ikimpa Bi. Delany maua ya kukata. Mfalme George III na malkia wake walimpenda sana bibi huyu.

Nyuma ya karatasi zake aliandika kwa uangalifu: jina la mmea, tarehe, mahali alipokuwa, na aliyempa. Ni mazoea mazuri, nami ninamheshimu kwayo. Ila orodha hiyo ya wafadhili inaanzia kwenye lango la bustani ya Kiingereza. Gari la ng'ombe la Masson, katika safari yake ya kwanza Rasi, liliendeshwa na Mkhoikhoi. Mtu huyo alijua njia, alijua pa kupata maji, na nadhani yale maua alikuwa ameyaona tangu utotoni na kuyaita kwa majina yake. Nyuma ya karatasi hayumo. Simlaumu Bi. Delany peke yake, aliandika aliyemjua. Lakini ndivyo watu wanavyopotea, si kwa chuki, ni kwa kutoulizwa tu.

Na mimi je? Sikumwuliza shangazi nani alimfundisha. Alikuwa akisema ni "mwalimu fulani wa mishonari", basi, tunaendelea kukata. Hakuna ua lake hata moja lililobaki. Krepu haiwezi maji. Yale ya matanga yalikuwa yakiwekwa juu ya kaburi, na mvua ya kwanza ikinyesha, wekundu wote ulichuruzika ukaingia udongoni, zikabaki waya.