Tangu Lini Bonasi Ikawa Bure?

Ukitaja neno "bonasi" sokoni Keroka, pale Kisii na Nyamira zinapopakana katikati ya biashara za watu, watu wa aina mbili watageuza shingo. Mkulima wa majani chai atauliza: shilingi ngapi kwa kilo? Kijana aliyeinamia simu atauliza: ya gemu gani? Mimi nimelelewa na wa kwanza na nimekua nikicheza na wa pili. Kadiri ninavyofuata historia ya neno hili, ndivyo ninavyoona kwamba wanauliza swali moja.

Tuanze na huyu kijana. Siku hizi kampuni ya gemu hutangaza gemu miezi mingi kabla haijatoka. Ukilipa mapema unaahidiwa zawadi. Inaweza kuwa gemu nyingine nzima, nguo za mhusika, ama ruhusa ya kuanza kucheza siku chache kabla ya wengine. Lakini zawadi haiji yenyewe mlangoni. Unapewa msimbo, ule msururu wa herufi na nambari, unauandika kwenye akaunti yako, kisha unabonyeza "komboa".

Hebu tusimame kwa hilo neno. Katika Kiswahili cha nyumbani, mtu hukomboa kitu chake. Unakomboa redio uliyoweka rehani. Unakomboa shamba lililoshikwa kwa deni. Kinachokombolewa kilikuwa chako tangu mwanzo, ila kilikuwa mikononi mwa mwingine. Aliyelileta neno hili kwenye menyu za simu alisema ukweli kuliko tangazo lenyewe, maana ile bonasi ulishailipia. Unachofanya ni kwenda kuichukua.

Watu wa Gusii walilijua hili kabla gemu hazijafika. Mamlaka ya kuendeleza chai ya wakulima wadogo, ambayo wote tunaiita KTDA, iliundwa mwaka 1964, muda mfupi tu baada ya Uhuru. Mkulima alipeleka majani kwenye kituo cha kununulia, yakapimwa, yakapelekwa kiwandani. Viwanda vyenyewe tunavitaja kama majina ya jamaa: Kebirigo, Nyankoba, Sanganyi, Tombe, Nyansiongo upande wa Nyamira, Kiamokama, Nyamache, Ogembo, Itumbe upande wa Kisii. Mwisho wa mwezi mkulima alilipwa kiasi kidogo kwa kila kilo. Pesa zilizobaki zilingoja. Chai ilipikwa, ikateremshwa hadi Mombasa, ambako mnada umekuwa tangu mwaka 1969 baada ya kuanzia Nairobi mwaka 1956. Ikauzwa, gharama zikakatwa, mahesabu ya mwaka yakafungwa Juni. Kilichosalia kikagawanywa kwa kilo, kikalipwa karibu Oktoba.

Hayo ndiyo malipo ya pili. Na kila boma, kuanzia Borabu hadi Bomachoge, likayaita bonasi.

Cheki vile neno linafanya kazi. Ukisikia bonasi unafikiria nyongeza, kitu cha juu, hisani ya mwajiri mwema. Lakini yale majani yalitoka kwa mkulima. Alikuwa amemkopesha mwenye kiwanda mwaka mzima, bila riba, na sasa anarudishiwa sehemu ya bei ya mali yake. Magokoro, yaani nyanya yangu, alikuwa na kopo la bati la majani ya chai ambamo aliweka karatasi zote za kituo. Oktoba ikifika aliyamwaga mezani, akajumlisha kilo zake mwenyewe kwa penseli, ndipo akatazama zile zilizoandikwa na wakubwa. Hakuwahi kusema asante kwa bonasi. Alisema, "Imefika."

Na kabla haijafika ilikuwa imeshaliwa. Dukani ulikopa sukari kwa ahadi ya bonasi. Karo, mabati, mahari, fundi wa choo, vyote viliandikwa Oktoba. Asiyeweza kungoja aliuza majani kwa dalali barabarani, pesa mkononi siku hiyo hiyo, na bonasi akaisahau. Kwa hivyo uamuzi ambao kijana wa leo anafanya mbele ya skrini, nilipe sasa kwa ajili ya ahadi ama ningoje, wazazi wetu waliufanya kila wiki wakiwa na gunia mgongoni.

Sasa tuvuke bahari. Kuoda gemu mapema kulianza na sababu ya maana. Gemu zilikuwa vitu: katriji, kisha diski, ndani ya sanduku, juu ya rafu. Duka la Marekani au Japani halikujua lilete ngapi, na mteja aliogopa kukuta zimeisha. Akaacha amana, jina likaandikwa. Duka likajua idadi, mteja akajua yake ipo.

Baadaye ikaongezwa zawadi ili kumshika mteja asiende kwa jirani. Mfano unaokumbukwa sana ni wa Nintendo. Mwishoni mwa mwaka 2002 huko Japani, na mapema mwaka 2003 huko Marekani, aliyeoda The Legend of Zelda: The Wind Waker alipewa diski nzima yenye gemu ya zamani, Ocarina of Time, pamoja na toleo lake gumu zaidi. Ona uzuri wa zawadi ile. Ilikuwa diski. Haikuhitaji msimbo wala akaunti. Ukishaipata ni yako. Unaweza kumpa kaka yako, kuiuza, au kuiacha kwa rafiki hadi mkosane.

Kipindi hicho hicho huku kwetu hakuna aliyeoda chochote. Gemu zilikuwa kwa kibanda: chumba kimoja cha mabati, televisheni ya mgongo, PlayStation iliyochipiwa ili isome diski za kuchomwa, na benchi la mbao lililojaa watoto wenye shilingi kumi. Ulilipa kwa mechi. Ukifungwa unatoka, anayefuata anaingia. Diski moja ililisha mtaa mzima. Ungemwambia mwenye kibanda kwamba gemu inafaa kuwa ya mtu mmoja na jina lake, angekucheka hadi machozi. Na hata intaneti ya kukomboa kitu haikuwepo. Kebo za chini ya bahari zilifika Mombasa mwaka 2009. Kabla ya hapo Kenya ilitegemea setilaiti, ghali na polepole.

Lakini mikono yetu ilikuwa tayari imefundishwa kukomboa. Tulikwaruza kadi za muda wa maongezi kwa ukucha au sarafu, tukaandika *141*, tukafuata nambari, tukamaliza na alama ya reli. Mwaka 2007 Safaricom ikaleta Bonga Points, pointi moja kwa kila shilingi kumi ulizotumia, na tukaanza kuhesabu kilo zetu sisi. Kizazi cha vibanda kilikuwa na daftari lake la majani chai ndani ya simu, ila hakikujua.

Kisha ukaja mwaka 2010, na hapa ndipo historia yetu na ya wazungu zinagongana. Kampuni za gemu zilikuwa zimechoshwa na diski za mtumba. Diski ikiuzwa mara ya pili, kampuni haipati kitu. EA ikatangaza kwamba gemu zake mpya za michezo zitakuja na msimbo wa kutumika mara moja tu. Mnunuzi wa kwanza anaukomboa na anacheza mtandaoni. Wa pili anaambiwa anunue mwingine, kama dola kumi hivi. Mpango ule ulichukiwa, na EA ikauacha mwaka 2013. Lakini wazo lilibaki: thamani ihame kutoka kwa diski, ambayo unaweza kuazima, iingie kwenye msimbo, ambao huwezi.

Sasa fikiria sisi, watu wa mtumba. Viatu vya mtumba, suti ya mtumba, gari lililotumika Japani, na gemu vilevile. Diski zilifika Kisii mjini kutoka Nairobi, na Nairobi zilitoka Dubai na Uingereza. Binamu yangu alinunua gemu moja ya magari, sanduku safi kabisa, na ndani ikawemo karatasi ya bonasi yenye picha ya gari jekundu. Msimbo ulikuwa umetumika. Kuna mtoto mahali fulani Uingereza aliyeendesha lile gari miaka miwili kabla yetu. Binamu hakuitupa karatasi. Aliibandika ukutani kwa kibanda chake, na wateja wakaizoea kama kalenda.

Kikwazo cha pili kilikuwa nchi. Diski ya PlayStation ya siku hizi hucheza popote, lakini misimbo ina makabila. Msimbo wa toleo la Ulaya hautaki akaunti ya Marekani, na wa Marekani hautaki ya Ulaya. Na mchezaji wa Kenya je? Kwenye orodha ya nchi za PlayStation Network, kusini mwa Sahara ipo Afrika Kusini pekee. Mkenya anayetaka akaunti hujiandikisha kama mkazi wa kwingine. Kuna vijana Nyamira ambao kwa miaka kumi wamekuwa raia wa Marekani kwenye sebule ya mama yao, na wanajua misimbo ya posta ya miji ambayo hawajawahi kukanyaga.

Mei 2024 dunia nzima ikaonja kidogo maisha hayo. Sony ilitangaza kwamba wachezaji wa Helldivers 2 kwenye Steam, watu waliokwisha kulipa na kucheza tangu Februari, watalazimika kuunganisha akaunti za PlayStation Network. Gemu ikaondolewa kuuzwa katika nchi zaidi ya 170 ambako huduma hiyo haipo. Watu wakawaka. Gemu ikapigwa maoni mabaya kwa malaki, na ndani ya siku chache Sony ikaachana na mpango huo.

Wakati huo huo mlango wa pesa ulikuwa umefunguka. Tangu Juni 2022 M-Pesa ina kadi ya mtandaoni ya Visa, ndani ya simu. Kijana wa Nyansiongo anaweza kulipia gemu kabla haijatoka sawasawa na mwenzake wa Chicago. Ndiyo maana swali la bonasi si la wazungu tena.

Na hapa lazima tuulize: ile sababu ya kwanza iko wapi? Gemu ya kupakua haiishi kwenye rafu. Hakuna atakayefika dukani akute imeisha. Uhaba umekufa, lakini desturi yake bado inakula. Mwaka 2013 waliooda BioShock Infinite kwenye Steam walipata hata gemu nzima za bonasi, na huo ulikuwa mkataba mnono. Siku hizi mara nyingi unapewa koti la mhusika na siku tatu za kuanza mapema. Hizo siku tatu ndizo zinanichekesha zaidi. Gemu iko tayari, imekaa pale. Umefungiwa mlango, halafu ufunguo ukaitwa zawadi.

Lakini nisimalize kana kwamba mkulima na mchezaji wako sawa kabisa. Mkulima wa KTDA ana hisa kwenye kiwanda chake. Anapiga kura ya wakurugenzi. Anaweza kusimama mkutanoni akauliza kwa nini kilo ya Gusii hulipwa bonasi ndogo kuliko kilo ya Kirinyaga au Murang'a, na swali hilo limeulizwa kwa sauti, barabarani na viwandani, mwaka baada ya mwaka. Halijajibiwa likamtosheleza. Ila lina mahali pa kuulizwa, na kuna karatasi za kuulizia. Mchezaji hana hisa wala mkutano. Ana kisanduku cha "nakubali" ambacho hakuna anayekisoma.

Alichonacho ni kelele, na kelele zimeonekana kufanya kazi. Mwaka 2022 Safaricom ilipotangaza kwamba pointi za Bonga zilizopita miaka mitatu zitafutwa, Wakenya hawakuzungumza kama watu wanaonyimwa zawadi. Walizungumza kama magokoro na kopo lake: hizo ni zetu, tulizilipia. Wale wa Helldivers walisema neno hilo hilo kwa lugha nyingine.

Binamu yangu bado ana kibanda Kisii mjini, sasa na skrini bapa na mashine nne. Vijana humletea simu kabla ya kulipa, na yeye huwauliza mambo matatu. Msimbo ni wa nchi gani? Unaisha lini? Na ukishakombolewa, utaingia kwa akaunti ya nani, yako ama ya kibanda? Hilo la tatu limevunja urafiki mara mbili nikiona, kwa sababu watoto watano wakichanga pesa kuoda gemu moja, bonasi hukubali mwenyewe mmoja tu.

Kwa hivyo wamejitengenezea sheria. Wanaochanga huandika majina na kiasi kwenye daftari la kurasa 48, kila mmoja anatia sahihi, na akaunti hufunguliwa kwa jina la daftari lenyewe. Nimeliona. Nguzo zake zimechorwa kwa rula: tarehe, jina, shilingi, jumla. Ni karatasi ya kituo cha majani, ila hakuna aliyewafundisha.