Jabari na Mkabala: Asili ya Mlinganyo

Mnamo mwaka 820 hivi, mjini Baghdad, Muhammad ibn Musa al-Khwarizmi aliandika kitabu ambacho jina lake Mswahili hulitambua bila mkalimani: al-Kitab al-mukhtasar fi hisab al-jabr wal-muqabala. Kitabu, muhtasari, hesabu, jabari, mkabala: maneno matano ya jina hilo yana ndugu zao katika Kiswahili. Nia yangu ni kuyatazama mawili ya mwisho, maana ndiyo yaliyobeba siri ya kutafuta kisichojulikana kinapokaa pande zote mbili.

Al-Khwarizmi hakuwa na herufi x wala alama ya usawa. Alama hiyo ilibuniwa na Robert Recorde wa Wales mwaka 1557, na x ikaenezwa na René Descartes mwaka 1637. Yeye aliandika yote kwa maneno, na kisichojulikana alikiita shay, yaani kitu.

Niuhamishie mfano Bonde la Kilombero, ambako mpunga ndio uhai. Mkulima wa Ifakara ana magunia matano yaliyojaa sawasawa, kasoro madebe manne aliyokwisha kuyachota. Jirani yake ana magunia matatu kama hayo, na madebe manane pembeni. Mpunga wao ni sawa. Je, gunia moja hubeba madebe mangapi?

Kwanza ni jabr, neno lililotumika pia kwa kuunga mfupa uliovunjika. Upande wa kwanza umepungukiwa madebe manne; tuyarudishe, na kwa haki tuuongezee upande wa pili manne vilevile. Sasa magunia matano ni sawa na magunia matatu na madebe kumi na mawili. Pili ni muqabala: vitu vya jinsi moja vikabiliane, vifutane. Tuondoe magunia matatu kila upande. Yamebaki magunia mawili yaliyo sawa na madebe kumi na mawili. Basi gunia ni madebe sita. Mchuuzi atakayeshindilia hadi lumbesa, kisha alipe bei ya gunia la sita, amevunja mlinganyo kabla ya kuvunja sheria ya vipimo.

Washairi nao wana fungu lao. Ibn al-Yasamin, mwanahisabati wa Maghribi aliyefariki Marrakesh mwaka 1204, alizitunga kanuni hizi kwa bahari ya rajaz ili wanafunzi wazihifadhi kifuani. Sisi tuliozoea tenzi za kufundisha dini na adabu hatuna sababu ya kulistaajabia jambo hilo.

Kiswahili, pamoja na kuipokea aljebra, kilichimba neno katika shina lake chenyewe la Kibantu: linga, lingana, linganya, mlinganyo. Tangu 1967 Kiswahili ndicho lugha ya kufundishia katika shule za msingi za serikali Tanzania. Mtoto wa Kimbunga, Kindamba au Kipogoro hukutana na mlinganyo kwa lugha anayoisikia sokoni. Akifika kidato cha kwanza, somo lilelile hugeuka Kiingereza. Kitu alichokuwa akikitafuta kinabaki kilekile, ila sasa analazimika kutafuta na maneno.

Hapo ndipo ninapoona kazi yetu wapenda lugha. Bonde lenye magunia na madebe halikosi mifano, na lugha yenye jabari na mkabala haikosi msamiati. Ibn al-Yasamin aliitunga hisabati kwa vina. Nasi bado tunadaiwa utenzi wa mlinganyo.